Mama Kufuli

Mke wangu alikuwa na jina lake, zuri, alilopewa na bibi yake. Sokoni halikutumika. Sokoni aliitwa Mama Kufuli. Wanaouza pale siku hizi wengi ni vijana, na baadhi yao wanadhani aliuza makufuli. Hakuuza kufuli hata moja. Aliuza ndoo na mabeseni. Jina alilipata kwa sababu yangu, na kwa kuwa yeye hayupo tena wa kulieleza, nalieleza mimi.

Mimi ni mwashi. Shule sikwenda. Nyumbani kwetu maneno mengi yalikuwa yake, mimi nilikuwa wa kuitikia.

Meza yake ilikuwa mwisho wa safu, ubavuni kwa mshona viatu. Alikuwa na namna yake ya kuuza. Mteja akisema ndoo hizi laini, zitapasuka, mke wangu haapi wala habishani. Anaipindua ndoo chini, anaikalia. Na alikuwa mwanamke aliyejaa. Anakaa, anakunja mikono kifuani, anamtazama mteja.

"Haya. Ndoo iliyonibeba mimi itashindwa na maji yako?"

Mteja anacheka, anatoa pesa. Ndoo ikikunjamana chini yake, anaitupa pembeni, anaiuza kwa bei ya kutilia takataka, na anakwambia kabisa, hii ni ya takataka, usije ukanilaani. Kwa hiyo watu walimwamini. Mtu akinunua kitu kwa mwingine, sufuria au taa, alikuwa akipita kwanza kwa mke wangu na kumuuliza, "Mama, hiki kizima?" Akisema kizima, basi.

Soko lile halikuwa na choo. Cha zamani kilititia, wakakizungushia miba. Mwanamke akibanwa alivuka barabara kwenda nyumba ya wageni, akalipa, na mwenye nyumba akamtazama kama mwizi wa sabuni. Mke wangu ndiye aliyewakusanya wenzake wakaenda kwa diwani. Walikwenda, wakarudi, wakaenda tena. Diwani aliwaambia wavute subira, subira huvuta heri.

"Mheshimiwa," mke wangu akamwambia, "hiyo methali tunaijua. Kibofu ndicho hakiijui."

Maneno hayo yalifika sokoni kabla yeye hajafika. Na choo kikapatikana. Baraza la mji likatangaza tenda.

Nilikuwa na leseni ndogo ya ukandarasi. Binti yetu mkubwa alinijazia karatasi, nikapeleka, nikapata. Siku ile mke wangu aliacha meza yake akapita kwa wenzake mmoja mmoja.

"Mume wangu ndiye anajenga. Mtakwenda haja kama mabibi harusi."

"Mwambie asitupunje milango," akasema muuza vitunguu, rafiki yake mkubwa, mwenye ulimi mkali kuliko bidhaa yake.

"Mume wangu hapunji."

Alisema bila kufikiri, kama mtu anayesema jua linachoma. Nilikuwa nimesimama pale, timazi mkononi. Nilijisikia mrefu.

Sasa niseme kuhusu shimo. Choo cha namna ile ni shimo. Kuta kila mtu anaziona, milango anaiona, rangi anaiona. Shimo likishafunikwa linabaki kuwa neno la fundi. Mkataba ulisema futi ishirini kwenda chini. Likiwa refu linakaa miaka. Likiwa fupi linajaa upesi, na soko zima linajua.

Kazi ya kuchimba nilimpa shemeji yangu, mdogo wake mke wangu. Alikuwa mchimba visima, mwembamba kama mpini, akishuka shimoni utadhani mjusi. Mke wangu ndiye aliyeniomba.

"Mpe mdogo wangu. Ana mtoto mchanga na hana kibarua."

"Nitampa."

Mchimbaji analipwa kwa futi. Anayelipwa kwa futi hupimwa kila jioni, hiyo ndiyo kazi ilivyo. Unashusha kamba yenye jiwe, kamba ina mafundo, mnahesabu wote wawili, unalipa. Hakuna ubaya wala hasira. Wachimbaji wote niliofanya nao kazi maishani niliwapima hivyo, wakiwemo wazee kuliko mimi.

Shemeji sikumpima. Nimshushie kamba shemeji yangu? Niliona ni kama kumpekua mgeni mifuko mlangoni. Jioni akipanda, anajifuta udongo, namuuliza, "Tumefika wapi, shemeji?" Anasema, "Tumeshuka vizuri, shemeji." Namlipa. Siku ya mwisho akasema, "Ishirini. Chini kuna mwamba, umenitesa, lakini tumemaliza." Nikamwambia Mungu akubariki. Akachukua jembe lake na mtaimbo wake, akaenda kwenye kazi ya visima mbali na kwetu.

Mhandisi wa mji alitakiwa alione shimo kabla sijalifunika. Nikampigia simu. Wingu lilikuwa limeshuka mpaka kwenye mabati.

"Kina kimefika, mzee?"

"Kimefika."

"Basi funika, mvua isije ikalibomoa. Mimi nakuamini."

Nikamwaga zege. Yeye aliniamini mimi, mimi nilimwamini shemeji. Kamba ilikuwa imening'inia kwenye msumari, kavu.

Choo kikaisha. Milango sita, rangi ya samawati, sakafu iliyosuguliwa mpaka unaona kivuli chako. Baraza lilikuwa limelipa nusu mwanzoni. Nilikwenda kudai nusu ya pili, nikakuta yule mhandisi amehamishwa. Aliyekuja badala yake alikuwa kijana mpole, suruali yake imenyooshwa.

"Mzee, mimi siwezi kusaini shimo nisiloliona."

"Mwenzako aliniambia nifunike."

"Mwenzangu hayupo."

"Njoo upime basi. Pembeni kuna mfuniko wa kunyonyea maji machafu, unafunguka."

"Nitakuja. Ila lisitumike mpaka nilipime. Likishatumika, nani ataweka kamba humo?"

Alikuwa na haki. Nikarudi, nikafunga mlango wa nje kwa kufuli kubwa, la mlango wa ghala. Watu wakiuliza nawaambia ni agizo la mhandisi. Ilikuwa kweli. Lakini kila fundi anajua kweli ya pili, kwamba asiyelipwa hushika ufunguo. Hana kingine cha kushika.

Mhandisi hakuja. Alisema gari halina mafuta. Ofisi ya mji iko mtaa wa pili tu kutoka sokoni, wauzaji wakigombana karani anafunga dirisha.

"Twende kwa miguu," nikamwambia.

"Kuna utaratibu, mzee."

Nikawa mtu wa benchi. Asubuhi benchi, jioni benchi. Mhasibu wa baraza akiniona anageuza njia. Nami nikiwaona vibarua wangu wanaonidai ujira, nageuza njia. Tulikuwa tunakwepana mji mzima kama watoto waliovunja chungu.

Lakini mimi nilikuwa na pa kukwepea. Mke wangu alikuwa na meza, na meza haiwezi kukimbia.

Mwanzo walikuja kwa utani.

"Shoga, mzee wako atatufungulia lini?" muuza vitunguu alimuuliza. Nilikuwepo, nilikuwa nimemletea mzigo.

"Baraza likilipa."

"Kwani sisi ndio baraza? Nimebanwa tangu alfajiri, yeye anadai!"

"Nenda basi ukajisaidie kwenye ngazi za ofisi yao. Huenda wakaharakisha."

Wakacheka wote. Baadaye kicheko kikabadilika. Wakaanza kusema pembeni, kwa sauti ya kusikika.

"Wenzetu wana milango sita peke yao."

"Leo huu, kesho ule."

"Na mmoja wa wageni."

Mshona viatu ndiye aliyelitoa lile jina. Alikuwa na sindano mdomoni, akaitoa ili aseme vizuri. "Mama Kufuli, niazime choo." Likaganda siku hiyo hiyo.

Mke wangu aliwajibu kila mara jibu moja. "Shimo lile ni futi ishirini. Mume wangu hapunji. Siku litakapopimwa mtaniomba radhi, na nitawaweka mstari."

Kisha likaja la kumuumiza. Mwanamke mmoja alikuja kununua beseni, mke wangu akalipindua alikalie. Mwenzake aliyeongozana naye akamshika mkono. "Twende mbele. Hawa mambo yao hayajapimwa." Wakaenda. Mke wangu alibaki amekaa juu ya beseni, mikono kifuani, hana wa kumtazama.

Nyumbani hakunilaumu. Niligundua jambo lingine. Asubuhi aliacha chai. Maji pia aliacha. Nilidhani ni funga, kumbe sivyo. Hakutaka kubanwa akiwa sokoni. Akivuka barabara kwenda nyumba ya wageni, wanawake waliokuwa kwenye foleni walikuwa wakinyamaza.

"Chukua ufunguo," nikamwambia. "Ingia asubuhi kabla hawajafika."

"Nilichafue shimo lako kabla halijapimwa? Niwape cha kusema?"

"Nani atajua?"

"Mimi."

Jioni alirudi midomo imepasuka. Mtu anauza ndoo za maji kutwa, yeye mkavu. Nililiona hilo kwa macho yangu na ufunguo ulikuwa mfukoni mwangu. Niliendelea kuushika.

Aliyemaliza jambo alikuwa yeye. Asubuhi moja alichukua ndoo, akaenda nayo ofisi ya mji, akaipindua mbele ya mlango wa mhandisi, akakaa. Karani akamwambia, mama, hapa si sokoni.

"Najua. Sokoni kuna watu wanaofanya kazi."

Mhandisi akatoka. Mke wangu akamwambia hivi, na nayajua maneno kwa sababu karani aliyarudia kwa watu wengi: "Mwanangu, mimi nimeapa kwa niaba ya mume wangu mbele ya soko zima. Wewe hulipi, sikudai. Njoo tu upime, nikauze ndoo zangu."

Kijana akavaa viatu. Walikuja kwa miguu. Ilikuwa karibu kiasi hicho.

Soko lilisimama. Hata mwenye nyumba ya wageni alivuka barabara, maana biashara yake ilikuwa hatarini. Mke wangu alisimama mbele, amejifunga kitambaa chake kizuri kichwani. Nikafungua kufuli. Nikainua mfuniko. Nikatoa kamba yangu, mafundo nimeyafunga mwenyewe, fundo kwa futi.

"Nani atashika?" mhandisi akauliza.

"Huyu," mke wangu akasema, akamsukuma muuza vitunguu mbele. "Asije mtu akasema nimepima mimi."

Muuza vitunguu akashusha. Wanawake wakahesabu kwa sauti, kama watoto wanaoruka kamba. Moja. Mbili. Tatu. Walikuwa wanafurahi. Walitaka liwe ishirini, sasa naelewa hivyo. Walikuwa wamechoka kumchukia. Kumi na moja. Kumi na mbili. Kumi na tatu.

Jiwe likagonga.

Walionyamaza kwanza ni wa mbele.

"Limekwama," mke wangu akasema. "Vuta, shusha upande ule."

Akavuta, akashusha upande ule. Jiwe likagonga mahali pale pale. Sauti ya jiwe kwenye mwamba ni kavu, huwezi kuifananisha na kitu kingine.

"Upande wa ukutani."

Kumi na tatu.

Mimi nilikuwa nimesimama na mfuniko mikononi. Sikujua. Naapa sikujua mpaka jiwe lile lilipogonga. Lakini mhandisi aliniangalia, na diwani, ambaye sikumwona alipofika, aliniangalia, na vibarua wangu waliokuwa nyuma ya watu waliniangalia. Hakuna aliyeniuliza swali. Nikaweka mfuniko chini, nikanyoosha kidole kwa mke wangu.

"Aliyechimba ni mdogo wake."

Nilisema hivyo. Mbele ya soko.

Watu wote wakageuka kumtazama yeye. Kitambaa chake kichwani kilikuwa cha manjano. Muuza vitunguu, mwenye ulimi ule, hakucheka. Aliizungusha kamba polepole mkononi, akaiweka chini kama anaweka mtoto aliyelala.

Mhandisi akasema kwa upole, "Mzee, mkataba una jina lako. Hauna jina la shemeji."

Nyumbani mke wangu aliosha miguu, akakaa kwenye mkeka. Nilisubiri anipigie kelele. Ningependa angepiga.

"Ulimpima?"

"Hapana."

"Kwa nini?"

"Ni shemeji yangu. Niliona haya."

"Kumpima yeye uliona haya."

Nikainama, nikawa nakunja pembe ya mkeka.

"Kuninyooshea mimi kidole je?"

Akaingia ndani.

Baraza liliamua nichimbe shimo la pili pembeni, liunganishwe na la kwanza, kwa gharama yangu, kisha ndipo wasaini. Lilikuwa neno la haki. Sikuwa na hata pesa ya mtaimbo. Mke wangu akauza bidhaa zake zote. Ndoo, mabeseni, madumu, vikombe, vyote, kwa bei ya kutupa. Aliyenunua sehemu kubwa ni mwenye nyumba ya wageni. Nikamwambia asifanye hivyo, nitatafuta.

"Utatafuta wapi? Ndugu ni wangu. Hebu nipishe."

Alibakiza ndoo moja ya kukalia.

Wachimbaji wakaja, wageni, watu nisiowajua. Niliwapima kila jioni bila haya. Na kila jioni, nikishamaliza kupima, mke wangu anakuja na ndoo yake.

"Leo tumefika sita," namwambia.

"Sawa."

Kisha anaichukua kamba mkononi mwangu, anaishusha mwenyewe. Anahesabu midomo ikicheza. Akimaliza anageukia soko, anapaza sauti, "Sita!"

Siku za mwanzo hakuna aliyemwitikia. Mwanamke anapiga kelele hesabu ya shimo, watu wanafunga meza zao. Mimi nilikuwa nikitazama chini. Jioni moja alipoita, "Tisa!" muuza vitunguu akajibu kutoka kwenye meza yake:

"Tisa kweli au tisa ya shemeji?"

Kikazuka kicheko. Mke wangu naye akacheka, akacheka mpaka akashika kiuno. "Njoo ushuke mwenyewe, mdomo wako utafika chini kabla yako!" Kesho yake wakaanza kuitikia. Alipokuwa akiita kumi na nne, soko zima liliitikia kumi na nne. Walikutana na mwamba ule ule, wakaupasua kwa mitaimbo na moto. Ulipasuka. Kumbe unapasuka.

Siku shimo lilipofika ishirini mhandisi alikuja tena kwa miguu. Hakuniuliza mimi. Alimuuliza mke wangu, "Mama, imefika?" Mke wangu akampa kamba. "Pima."

Akapima. Akasaini.

Mke wangu akanipokonya ufunguo mkononi. Akafungua mwenyewe. Wanawake wakamsukuma mbele.

"Ingia wa kwanza, Mama Kufuli!"

"Mimi? Na mabibi harusi mpo?"

"Ingia, tumekusamehe!"

Akaingia, akakaa ndani kwa raha zake, wao nje wanampigia makofi. Akatoka akijipangusa mikono. "Kinapitisha upepo," akasema. Nadhani hakuna siku waliyompenda kama siku ile. Jina lilibaki, lakini sasa walilitamka vingine.

Pesa zilikuja baadaye, zimekatwa za kuchelewa. Niliwalipa vibarua. Zilizobaki hazikujaza meza yake kama zamani. Aliuza ndoo chache, madumu machache, mpaka magoti yakamkatalia.

Shemeji alirudi mwaka mwingine. Alikaa mlangoni, hataki kuingia. Mke wangu akamwambia ingia, chakula kinapoa. Akala huku analia. Alisema mwamba ulimvunjia mtaimbo, mtoto alikuwa anaumwa, na hakuwa na mdomo wa kusema. Kisha akasema neno ambalo hakukusudia kuniumiza nalo. "Jioni nilikuwa napanda nikisema leo shemeji atashusha kamba. Angeshusha ningemwambia."

Mke wangu alinitazama, kisha akamwongezea mdogo wake chakula.

Tangu hapo tuliishi vizuri. Nataka watu wajue hivyo. Alinipikia, alinicheka, aliniuguza nilipoanguka kutoka kwenye jukwaa la ujenzi. Habari ya shimo hakuitaja tena mpaka mwisho. Ila alikuwa na kitu kimoja. Nikisema nimefunga mlango, anaamka anautikisa. Nikisema gunia limejaa, anaweka mkono ndani. Nikisema nimemlipa mtu fulani, wiki hiyo hiyo anampitia huyo mtu, anamsalimia, anamuuliza watoto hawajambo, na anarudi ameridhika. Hakuwa na hasira. Alifanya kama mtu anavyopangusa kiti kabla ya kukaa. Mwanzo niliumia. Baadaye nikawa namsubiri aende aangalie, ndipo nami niamini kwamba nimefunga.

Alipolazwa, daktari aliniita kwenye ukumbi. Akasema vipimo ni vizuri, mama ataruhusiwa kabla ya mwisho wa wiki. Niliingia wodini karibu ninakimbia, kwa magoti haya.

"Unatoka wiki hii! Daktari amesema."

"Amesema?"

"Amesema sasa hivi."

Akanitazama. Uso ulikuwa umepungua lakini macho yalikuwa yale yale ya kukunja mikono juu ya ndoo.

"Mwite aje aniambie mwenyewe."

Nikaenda nikamwita. Mgonjwa wa kitanda cha pili alikuwa anasikiliza. Daktari akaja, akasimama pale, akasema maneno yale yale niliyosema mimi.

"Umeangalia mwenyewe, mwanangu?"

"Nimeangalia mwenyewe, mama."

"Ahsante. Mungu akuzidishie."

Daktari alipoondoka nilikuwa nimegeukia dirishani. Akanigusa mkono.

"Usinune, baba watoto. Wewe nakupenda. Yeye amepima."

Hakutoka. Alikufa kabla ya wiki kuisha, mchana, muuguzi akimbadilishia shuka. Daktari alikuja kunipa pole, akashindwa kunitazama. Nikamwambia asijilaumu, yeye aliangalia.

Mazishini watoto waliniomba niseme neno. Ni haki ya mume kusema. Nikasimama. Nilikuwa nimejipanga kusema kwamba mke wangu alikuwa mkweli, kwamba katika maisha yake hakuwahi kumuuzia mtu ndoo mbovu akimwambia nzima. Maneno machache, hata mimi ningeyaweza. Wanawake wa soko walikuwa wamekaa pamoja upande wa kulia, muuza vitunguu mbele yao, amezeeka sasa, wananitazama na kunisubiri. Hawakunitazama vibaya. Lakini niliwaona wamekaa vile vile, safu ile ile, kama walivyosimama siku ile nilipoinua mkono wangu nikamwonyesha kwao.

Mdomo ukafunguka, sauti haikutoka. Binti yangu akanishika bega, akanikalisha.

Muuza vitunguu akainuka badala yangu. Akasema yote niliyotaka kusema, na zaidi, na watu wakaitikia.

Waliokuwepo walisema mzee amezidiwa na majonzi. Majonzi nayo yalikuwepo.